Zabuni za Serikali na Jicho la Mahakama



Katika Wilaya ya Rusizi, ambayo watu wazima wengi wangali wakiiita Cyangugu, ni vigumu kutaja kazi ya umma isiyopitia zabuni. Madarasa ya Bweyeye pembezoni mwa msitu wa Nyungwe, mifereji ya mashamba ya mpunga katika bonde la Bugarama, barabara za mitaa ya Kamembe, vitanda vya hospitali, mpaka karatasi zinazoandikiwa barua za wilaya: vyote hivyo hutangazwa, hushindaniwa, na mwisho hupewa mmoja huku wengine wakirudi mikono mitupu. Kwa Kinyarwanda, soko la ndizi na zabuni ya serikali huitwa kwa neno lile lile, isoko. Lugha imeona vizuri kwamba kote kuwili ni kununua na kuuza. Lakini mama anayenunua ndizi sokoni Kamembe anatoa fedha yake mwenyewe, na akipunjika ni shauri lake. Ofisa anayenunua kwa niaba ya serikali anatoa fedha ya watu ambao hawapo pale, ambao wengi wao hawatajua kamwe kwamba siku hiyo fedha yao ilitoka.

Kwa sababu hiyo, kumpa mtu zabuni si jambo la biashara peke yake. Ni tendo la dola, na kila tendo la dola lazima liwe na mahali pa kuhojiwa. Hilo halibishaniwi tena katika nchi yoyote ya Afrika Mashariki. Linalobishaniwa, na ambalo linastahili kufikiriwa kwa makini, ni wakati. Mtu aliyeshindwa katika zabuni akidai kwamba sheria imevunjwa, asikilizwe lini? Kabla mkataba haujatiwa saini, au baada ya kuta kusimama na fedha kulipwa? Wengi huliona kuwa jambo dogo la utaratibu, nalo ndilo linaloamua kama haki katika zabuni ni kitu cha kweli au ni maandishi tu.

Nchini Rwanda safari ya jambo hili si ndefu sana. Baada ya maafa ya mwaka 1994, nchi iliyokuwa ikijengwa upya kutoka chini ilihitaji kununua karibu kila kitu, na kazi hiyo ikawekwa mikononi mwa Halmashauri ya Taifa ya Zabuni. Wakati huo chombo kimoja mjini Kigali ndicho kilichokuwa kikishika hatamu. Sheria namba 12/2007 ya tarehe 27 Machi 2007 ikabadili mwelekeo: wizara, taasisi na wilaya zikapewa kazi ya kununua zenyewe, na mwishoni mwa mwaka huo huo ikaundwa mamlaka mpya ya kusimamia ununuzi wa umma, ambayo kazi yake ni kuangalia, kufundisha na kukagua. Sheria hiyo ikafuatiwa na Sheria namba 62/2018 ya tarehe 25 Agosti 2018, na hiyo nayo ikafuatiwa na Sheria namba 031/2022 ya tarehe 21 Novemba 2022.

Mabadiliko ya mwaka 2007 yalikuwa na maana kubwa kwa wilaya ya mbali kama Rusizi. Uamuzi uliokuwa ukifanywa mbali, ng'ambo ya milima na msitu, sasa unafanywa Kamembe, na watu wanaofahamiana na wale wanaoomba. Hapo pana faida, kwa kuwa anayenunua anaijua barabara inayonunuliwa. Hapo pia pana hatari, kwa kuwa anamjua vile vile atakayeijenga. Pengine walisoma shule moja. Pengine wanasali kanisa moja. Mji wa Kamembe si mkubwa, na hakuna sheria inayoweza kuwafanya watu wasijuane. Sheria inachoweza ni kuhakikisha kwamba kujuana huko hakuingii ndani ya kabrasha la zabuni, na kwamba kukiingia, pawepo mtu wa tatu wa kulifungua kabrasha hilo na kulisoma.

Mtu huyo wa tatu, kwa mujibu wa sheria za Rwanda, hapatikani mara moja mahakamani. Mzabuni asiyeridhika kwanza huiandikia taasisi ile ile iliyotangaza zabuni, akieleza kosa analoliona. Akijibiwa asiridhike, au asipojibiwa, hupeleka lalamiko lake kwenye jopo huru la mapitio, ambalo wajumbe wake hawatoki serikalini tu bali pia katika sekta binafsi na asasi za kiraia. Baada ya hapo ndipo mlango wa mahakama unapofunguka. Tena sheria inatenganisha mambo mawili ambayo zamani yalikuwa yakifanyika kwa pumzi moja, yaani kumtaja mshindi na kutia saini mkataba. Mshindi hutajwa kwa muda, walioshindwa nao hupewa habari, kisha hupita siku chache kabla ya kalamu kugusa karatasi. Siku hizo chache ndizo moyo wa utaratibu wote. Zikiheshimiwa, lalamiko lina maana. Zikirukwa, lalamiko linabaki kuwa masikitiko.

Na mahakama inapoulizwa, inaulizwa nini hasa? Hapa ndipo watu wengi wanapokosea, na kukosea huko huwagharimu. Mapitio ya mahakama si mashindano ya zabuni yanayorudiwa mbele ya jaji. Jaji hapimi ubora wa saruji wala hahesabu mabati. Hasemi kwamba kampuni fulani ingejenga vizuri zaidi kuliko nyingine. Anachokitazama ni njia iliyopitwa kufikia uamuzi. Je, walioamua walikuwa na mamlaka ya kuamua? Je, walifuata masharti waliyoyatangaza wao wenyewe, au waliyageuza katikati ya safari? Je, aliyekataliwa alipewa sababu? Je, uamuzi wenyewe ni wa namna ambayo mtu mwenye akili timamu angeweza kuufikia? Mwaka 1984, katika kesi ya vyama vya wafanyakazi wa serikali huko Uingereza, Lord Diplock aliyapanga maswali hayo katika mafungu matatu: uhalali, busara na utaratibu. Majaji wa Kenya, Uganda na Tanzania wamekuwa wakiyatumia mafungu hayo hadi leo. Rwanda, iliyorithi sheria ya Kibelgiji, ilifika kwa njia nyingine, ile ya kumwomba hakimu abatilishe uamuzi wa utawala uliokwenda kinyume cha sheria. Wenye kupenda nadharia wanaweza kujadili tofauti za mapokeo hayo mawili mpaka usiku. Kwa mkandarasi wa Kamembe tofauti hiyo ni ndogo kuliko inavyosemwa.

Na tumchukue huyo mkandarasi, kwa mfano tu. Imetangazwa zabuni ya kujenga madarasa sita. Masharti yanasema kila mwombaji aonyeshe kazi mbili za aina hiyo alizozifanya. Anazo, anaziambatanisha, na bei yake ni ya chini. Anajibiwa kwamba hakufaulu, kwa kuwa hakuonyesha kazi tatu. Huyu ana jambo la kweli la kupeleka mbele, si kwa sababu bei yake ni ya chini, bali kwa sababu amepimwa kwa kipimo ambacho hakikutangazwa. Sasa tumchukue jirani yake, ambaye naye ana bei ya chini, lakini alisahau kuambatanisha cheti kilichotakiwa. Huyu anaweza kulalamika mwaka mzima kwamba wilaya imepoteza fedha kwa kumwacha, hatafika mbali. Masharti yalikuwa wazi kwa wote, na kumsamehe yeye kungekuwa kuwadhulumu wale waliojisumbua kukitafuta cheti hicho. Watu husema sheria ni kali kwa mambo madogo. Katika zabuni, mambo madogo hayo ndiyo ukuta unaomzuia ofisa asichague kwa kupenda.

Mkandarasi wa kwanza akishinda lalamiko lake, hapewi madarasa. Mara nyingi kinachofanyika ni kuufuta uamuzi na kuurudisha kwa wale wale waliouamua, waamue upya kwa kufuata masharti. Wako wanaoliona hilo kuwa ushindi wa bure. Lakini mahakama ikianza kugawa zabuni yenyewe, itakuwa imejigeuza kamati ya zabuni, na hapo mwananchi atabaki bila mtu wa tatu.

Sasa, kuhusu wakati, somo kubwa katika eneo hili limetoka Kenya, na limetoka mara mbili, katika kesi mbili zilizokwenda kwa mwendo tofauti kabisa.

Ya kwanza ni ya karatasi za kura. Mwaka 2017 Tume Huru ya Uchaguzi na Mipaka ya Kenya ilikuwa imeipa kampuni ya Al Ghurair ya Dubai zabuni ya kuchapa karatasi za kura za uchaguzi mkuu wa tarehe 8 Agosti. Mwezi Februari, muungano wa upinzani ulipokwenda mahakamani, Jaji George Odunga wa Mahakama Kuu aliifuta zabuni hiyo. Tume ikarudi tena kwa kampuni ile ile, safari hii kwa ununuzi wa moja kwa moja usio na mashindano. Kesi ikafunguliwa upya. Tarehe 7 Julai, siku 32 kabla ya uchaguzi, majaji watatu wa Mahakama Kuu waliufuta mkataba huo kwa upande wa karatasi za kura za urais, wakisema kwamba wananchi hawakushirikishwa. Karatasi za viti vingine hawakuzigusa. Tarehe 20 Julai Mahakama ya Rufaa ikautengua uamuzi huo, ikaeleza kwamba ushirikishwaji wa wananchi haukuwa sharti la lazima katika ununuzi wa moja kwa moja. Karatasi zikachapwa, uchaguzi ukafanyika siku iliyopangwa. Uchaguzi wa urais wenyewe ulifutwa na Mahakama ya Juu tarehe 1 Septemba, lakini hiyo ni habari nyingine, iliyohusu namna matokeo yalivyopelekwa na kujumlishwa.

Mtu anaweza kukubaliana na Mahakama Kuu au na Mahakama ya Rufaa. Wanasheria wa Nairobi bado hawajamaliza kubishana. La kuzingatia ni kwamba ndani ya siku 13, kati ya tarehe 7 na tarehe 20 Julai, nchi ilipata majibu mawili kutoka ngazi mbili za mahakama, na yote mawili yalikuja wakati karatasi zikiwa bado hazijaingia vituoni. Kama serikali ingeshindwa, ingekuwa bado na la kufanya. Kama mlalamikaji angeshinda, angekuwa bado na cha kushinda.

Kesi ya pili ni ya reli ya kisasa kutoka Mombasa kwenda Nairobi. Mkataba na kampuni ya China Road and Bridge Corporation ulitiwa saini mwaka 2012 bila zabuni ya ushindani. Gharama yake ilitajwa kuwa shilingi za Kenya bilioni 327. Mwaka 2014 Okiya Omtatah, mwananchi anayejulikana kwa kuishitaki serikali kila anapoona sheria imepindwa, pamoja na Chama cha Wanasheria cha Kenya, waliuliza mahakamani kazi kubwa kiasi hicho ilitolewaje bila mashindano. Mwezi Novemba mwaka huo Mahakama Kuu ikawakatalia. Wakakata rufani. Reli ikajengwa. Tarehe 31 Mei 2017 treni ya abiria ikazinduliwa, watu wakapanda, wakazoea. Ndipo tarehe 19 Juni 2020 Mahakama ya Rufaa ikatamka kwamba Shirika la Reli halikufuata katiba wala sheria ya ununuzi. Miaka mitatu baadaye, tarehe 16 Juni 2023, Mahakama ya Juu ikaligeuza tamko hilo, ikaona kwamba ununuzi huo ulikuwa chini ya makubaliano ya mkopo kati ya serikali mbili na kwa hiyo sheria yenyewe ilikuwa imeutoa katika masharti ya kawaida.

Hebu fikirini, ndugu wasikilizaji, maana ya tamko la mwaka 2020. Hata kama lingesimama, lingefanya nini? Reli isingeng'olewa. Mkopo usingefutika. Abiria wa asubuhi angeendelea kukata tiketi. Majaji walikuwa wakizungumza na kitu kilichokwisha kuwa sehemu ya nchi. Miaka tisa ilipita kati ya kesi kufunguliwa na neno la mwisho kutamkwa, na kwa sehemu kubwa ya miaka hiyo swali lililokuwa mahakamani lilikuwa limekwisha kujibiwa na tingatinga.

Bunge la Kenya, kwa sheria yake ya mwaka 2015, lilikuwa limekwisha kuliona tatizo hilo kwa zabuni za kawaida. Mzabuni ana siku 14 za kulalamika mbele ya bodi ya mapitio; bodi ina siku 21 za kuamua; asiyeridhika ana siku 14 za kwenda Mahakama Kuu; na Mahakama Kuu ina siku 45 za kutoa hukumu. Mahakama ya Rufaa nayo imepewa siku 45. Muda ukipita bila hukumu, uamuzi wa bodi ndio unaobaki. Mwaka 2021 Mahakama ya Rufaa, katika shauri la Aprim Consultants, ilisema kwamba siku hizo hazina mjadala: jaji aliyechelewa hana tena mamlaka. Yako majaji waliolalamika kwamba wanakimbizwa. Huenda ni kweli. Lakini anayekimbizwa zaidi ni mgonjwa anayesubiri zahanati ambayo ujenzi wake umesimama kwa sababu ya kesi. Tanzania nayo, kwa sheria ya mwaka 2011, ilimtaka asiyeridhika na uamuzi wa Mamlaka ya Rufani za Zabuni aende Mahakama Kuu ndani ya siku 14, wala si zaidi.

Hapa lazima isemwe pia hoja ya upande wa pili, kwa kuwa ni hoja nzito. Maofisa wa wilaya wana haki ya kulalamika kwamba wapo wazabuni ambao kwao kushindwa ni mwanzo wa vita. Mtu ameshindwa kihalali, anajua ameshindwa kihalali, lakini anapeleka lalamiko ili kazi ichelewe, mwaka wa fedha uishe, na zabuni itangazwe upya. Wakati huo mvua za Machi na Aprili zinakuja, mlima unamomonyoka, na barabara iliyopaswa kutengenezwa inakuwa korongo. Haya hutokea. Dawa yake hata hivyo si kuufunga mlango wa malalamiko. Dawa yake ni kuufanya uwe mwepesi kufunguka na mwepesi kufungika: lalamiko lisikilizwe haraka, likiwa la hila litupwe haraka, na kazi iendelee.

Na upo woga mwingine ambao haumo katika sheria yoyote. Mkandarasi mdogo wa Rusizi hana wateja wengi. Serikali, pamoja na wilaya na taasisi zake, ndiyo tumaini lake. Leo akiilalamikia ofisi moja, kesho ataomba kazi katika ofisi hiyo hiyo. Jirani zake humwambia anyamaze, avumilie, zamu yake itafika. Kwa hiyo idadi ndogo ya malalamiko kutoka wilayani isichukuliwe upesi kuwa dalili ya afya. Mgonjwa asiyelia si lazima awe amepona. Kinachoweza kuupunguza woga huu ni kuyazoea malalamiko yenyewe, yaani ofisa aone lalamiko kama sehemu ya kawaida ya kazi, kama vile mwalimu anavyouliza swali na mwanafunzi kuomba karatasi yake isahihishwe tena.

Katika jambo hili mtambo wa Umucyo umesaidia kuliko hotuba nyingi. Neno lenyewe kwa Kinyarwanda maana yake ni mwanga. Ulianza kwa majaribio mwaka 2016, na kuanzia Julai 2017 ukaenezwa katika taasisi za serikali, hivyo kwamba tangazo, maombi, ufunguzi wa bei na barua za majibu vyote vinapita katika kompyuta. Mkandarasi wa Bugarama hahitaji tena kulala njiani akivuka Nyungwe ili kutumbukiza bahasha katika sanduku la Kigali. Lakini faida iliyo kubwa zaidi ni ile ya ushahidi. Katika kesi ya reli ya Kenya, nyaraka ambazo wadai walizitegemea ziliondolewa mahakamani kwa kuwa hazikupatikana kwa njia halali. Walikuwa na maswali bila karatasi. Zabuni iliyopita katika mtambo inaacha nyayo: nani aliomba, saa ngapi, bei gani, nani alipima, alama zipi. Nyayo hizo zikifikishwa mbele ya jopo au mahakama, mjadala unaacha kuwa wa neno la mtu dhidi ya neno la mtu.

Mtambo, hata hivyo, hauna dhamiri. Masharti yaliyoandikwa ili yamfae mtu mmoja yanaweza kupita ndani ya kompyuta safi kabisa, bila doa. Kompyuta itahesabu sawasawa alama za mchezo uliopangwa tangu mwanzo. Kwa hiyo mapitio yanayongoja mpaka mshindi atajwe huchelewa wakati mwingine. Kuna makosa ambayo yamo katika tangazo lenyewe, na mzabuni mwenye macho anapaswa kuyapinga siku anapolisoma, si siku anaposhindwa. Aliyelisoma tangazo akanyamaza, akaomba, kisha akaja kulalamikia masharti baada ya kukosa, majaji wengi humtazama kwa shaka, na si bila sababu.

Lipo pia suala la dharura. Tarehe 3 Februari 2008 tetemeko la ardhi liliitikisa Rusizi na Bukavu, likaua watu na kubomoa makanisa na nyumba. Siku kama hiyo hakuna mwenye akili atakayesema hema na dawa zisubiri tangazo la zabuni. Sheria zote za ununuzi zina mlango wa dharura, na ni haki uwepo. Rusizi iliuhitaji tena moyo huo wa haraka mwezi Juni 2020, ilipofungwa kwa sababu ya ugonjwa wa korona. Lakini mlango wa dharura una tabia moja: ukishafunguliwa, wapo wanaopenda ubaki wazi. Kazi iliyojulikana mwaka mzima kwamba ingehitajika haiwi dharura kwa sababu tu ofisa hakuipanga mapema. Hapo jicho la mahakama linahitajika zaidi, kwa kuwa ununuzi usio na mashindano hauna walioshindwa, na pasipo walioshindwa hakuna wa kulalamika.

Neno hilo la mwisho linatupeleka kwa mwananchi asiye mzabuni. Sheria za zabuni humtaja mzabuni kila mahali: mzabuni alalamike, mzabuni ajibiwe, mzabuni akate rufani. Mkulima wa mpunga wa Bugarama, ambaye mfereji wake ukijengwa vibaya atakosa maji, hatajwi. Huko Kenya katiba ya mwaka 2010 imempa kila mtu uwezo wa kwenda mahakamani kwa manufaa ya umma, na ndiyo njia aliyoipita Omtatah. Ni njia pana, lakini, kama tulivyoona katika habari ya reli, ni njia ndefu. Njia ya mzabuni ni nyembamba, lakini ni fupi. Kwa sasa mkulima huyo analindwa na ubinafsi wa mzabuni aliyeshindwa: huyu anapigania riziki yake, na katika kuipigania anaulinda mfereji wa mwingine pasipo kukusudia. Si ulinzi mkamilifu. Ndio uliopo.

Wako watakaouliza kwa nini mahakama iguse zabuni hata kidogo, hali kuna Mkaguzi Mkuu wa Hesabu za Serikali na kuna Kamati ya Bunge ya Hesabu za Umma, ambayo tangu mwaka 2011 imekuwa ikiwaita viongozi wa wilaya na taasisi kujieleza hadharani, na juu ya hao yuko mwendesha mashitaka na sheria kali dhidi ya rushwa. Vyombo hivyo vinafanya kazi kubwa, na wakubwa wamekwisha kufikishwa mbele ya sheria kwa mambo ya zabuni. Lakini vitazameni vizuri. Mkaguzi hufika baada ya mwaka wa fedha kufungwa. Kamati humwita kiongozi baada ya mkaguzi kuandika. Mwendesha mashitaka hushughulika na mtu, amfunge au amwachie, na mtu akifungwa jengo lililopasuka linabaki na nyufa zake. Jopo la mapitio, na nyuma yake mahakama, ndivyo pekee vinavyoweza kufika wakati fedha ingali sandukuni. Sheria ya Rwanda ya mwenendo wa mashauri ya madai na ya utawala, ile namba 22/2018, inampa hata mlalamikaji nafasi ya kuomba amri ya haraka wakati shauri la msingi likisubiri. Silaha hiyo haifai kuchezewa, na hakimu hapaswi kuitoa kwa kila anayelia. Lakini mkandarasi mwenye hoja ya kweli asiyejua kwamba ipo ni kama hana haki yoyote.

Kwa hiyo linalotakiwa Rusizi, na katika wilaya nyingine zote, si sheria mpya. Sheria zipo, na tangu mwaka 2007 zimerekebishwa zaidi ya mara moja. Linalotakiwa ni jambo la kawaida kabisa: barua ya kumwarifu mtu kwamba hakufaulu iandikwe kwa sababu kamili. Barua isemayo tu kwamba maombi yako hayakukidhi vigezo inamla mzabuni siku zake. Anazitumia kuuliza ni vigezo vipi, na akijibiwa muda umekwisha. Barua inayosema kwamba katika kifungu fulani ulitakiwa uonyeshe kitu fulani nawe ukaonyesha pungufu, na kwamba aliyeshinda alikionyesha kwa bei fulani, inamruhusu aamue usiku ule ule kama ana kesi au hana. Wengi wakiisoma barua ya namna hiyo wataona kwamba hawana, nao watarudi kazini. Wachache watakaoona kwamba wanayo watafika mbele ya jopo wakiwa na hoja iliyonyooka, na ofisa ununuzi wa wilaya atatakiwa kufika na jalada lake likiwa tayari, kabla mkataba haujatiwa saini.